Mbambakofi na yule mweusi

Kila Jumamosi jioni, ndizi zilizoiva kupita kiasi hukusanywa kwenye ndoo nyuma ya jiko la nyumba moja karibu na Gede, Kaunti ya Kilifi. Si za kuliwa. Mama wa nyumba hiyo huzimenya, huziponda kwa mkono, humiminia kikombe cha tembo la mnazi, kisha hufunika ndoo na kuiacha juani siku mbili au tatu. Ikifunuliwa, harufu yake hufika barabarani. Mumewe husema nyumba yake inanuka kama mangwe.

Siku za mwanzo aliyetumwa mnazi alikuwa kitinda mimba wao, msichana ambaye wakati huo alikuwa darasa la tatu. Mgema alimpimia kikombe, akamuuliza ni cha nani.

"Cha vipepeo," mtoto akajibu.

Mgema alicheka mpaka akaketi chini. "Mwambie mamako, vipepeo wake wakilewa asiwalete hapa kudai chenji."

Kabla ya magharibi kijiji kizima kilikuwa na habari, na kadiri zilivyosafiri ndivyo zilivyoongezwa chumvi. Mara mama fulani ameanza kunywa kwa siri. Mara hanywi, anatambika. Mara ana wadudu wenye pembe anaowafuga ndani ya vyandarua. Hilo la mwisho lilikuwa kweli.

Shuleni mtoto hufunzwa kwamba kipepeo hufyonza maji matamu ya maua. Si uongo, ila si kila kipepeo. Huyu anayetegewa ndizi hana haja na ua hata moja. Wataalamu humwita Charaxes cithaeron. Nyumbani kwa mama huyu huitwa tu "yule mweusi". Dume ni mweusi kama makaa, mwenye madoa ya buluu yanayometa akigeukia jua. Jike ni mkubwa zaidi, na mbawa zake za mbele zimepitiwa na mkanda mpana mweupe. Wote wawili wana vijimkia vifupi kwenye mbawa za nyuma. Akishazifunga mbawa, uzuri wote hupotea: kwa chini ni kahawia na kijivu tu, na akitua kwenye gamba la mti unaweza kumpita ukidhani ni jani kavu.

Mrembo huyo hula nini? Matunda yaliyooza chini ya mti. Utomvu unaochuruzika kwenye shina lililojeruhiwa, ukishachacha. Na madume hasa hushuka kwenye mizoga na kwenye kinyesi cha wanyama, wakipenda zaidi kile cha walao nyama kama ngawa, wakakinyonya kwa mrija wao kutafuta chumvi na vingine ambavyo matunda hayana. Binti alipomwona mara ya kwanza juu ya kinyesi alikasirika, kama aliyemfuma bibi harusi akila jalalani.

Tena ana nguvu. Haelei elei kama vipepeo wa bustanini. Hukata hewa kwa kasi, na dume hujichagulia tawi lenye jua ukingoni mwa msitu akalifanya kituo chake, akamfukuza kila apitaye, kisha akarudi kwenye tawi lile lile. Kumkimbiza na wavu mkononi ni kujichosha bure. Kwa hiyo hutegwa, na mtego wenyewe ni wa kumcheza mtu aliyeshiba: wavu ulioshonwa kama pipa jembamba, juu umezibwa, chini umeachwa wazi, na vidole vitatu hivi chini ya mdomo wake kimening'inizwa kibao chenye ndizi zilizochacha. Kipepeo huingia kwa pembeni, hunywa hadi atosheke, na akitaka kuondoka hupaa wima. Hamkumbuki mlango aliouingilia. Kwenye vijiji vya pwani yenye minazi, tabia hiyo haihitaji kufafanuliwa zaidi.

Msitu wanakotegewa ni Arabuko-Sokoke, wenye kilomita za mraba takriban 420, kipande kikubwa zaidi kilichosalia cha misitu mikavu ya pwani ya Afrika Mashariki. Una aina zaidi ya 250 za vipepeo. Na si msitu wa namna moja. Upande wa magharibi, kwenye udongo mwekundu, ni vichaka vizito visivyopenyeka. Katikati, kwenye mchanga mweupe, imesimama mirihi. Upande wa mashariki, unaokaribia Gede na bahari, ni msitu wa miti mchanganyiko, na katika miti hiyo uliotajika zaidi ni mbambakofi.

Fundi wa pwani haulizi mbambakofi ni nini. Mbao zake ngumu, zenye wekundu, zimechongwa milango na vyombo vya bahari tangu enzi za mababu, na ndiyo sababu mibambakofi mikubwa sasa hutafutwa kwa tochi. Watoto huujua kwa mbegu zake: nyeusi ti, kila moja na kofia yake nyekundu, zimepangwa ndani ya ganda gumu kama mbao. Hutobolewa zikatungwa shanga, au huchezewa bao.

Yule mweusi anaujua kwa majani. Mzazi hunywa chochote kilichooza, lakini mwanawe si wa kupewa chochote. Jike huzunguka miti mingi akiipita, kisha hutaga kwenye michache tu anayoitambua, yai moja hapa, moja pale, na mbambakofi ni mmojawapo. Yai ni la manjano, na likiwa zima, baada ya siku moja hivi, hujichora duara la kahawia upande wa juu. Kiwavi anayetoka huwa wa kijani, na kichwani ana pembe nne, mfano wa taji. Hawashi. Hutandika nyuzi zake za hariri juu ya jani moja akalifanya kitanda. Hutoka kwenda kula majani mengine, kisha hurudi kulala pale pale. Jani la kitanda halili. Binti ndiye aliyeligundua hilo nyumbani kwao, kabla mamake hajaelezwa na mtu yeyote, na tangu siku hiyo akawaita viwavi "ng'ombe wangu": wana pembe, wana zizi, na jioni hurudi.

Wafugaji wa namna hii si wageni katika eneo hilo. Mradi wa Kipepeo ulianzishwa mwaka 1993 hapo Gede, kando ya magofu ya mji wa kale, chini ya Makumbusho ya Taifa ya Kenya. Wazo lake lilikuwa rahisi kulieleza na gumu kulitenda: kwamba watu wanaopakana na msitu waupate mkate wao kutoka msitu uliosimama. Mkulima hufuga viwavi, viwavi hugeuka pupa, na pupa hufungwa vizuri na kupelekwa kwa ndege hadi Ulaya na Marekani, ambako kuna nyumba kubwa za vioo zenye joto, na watu hulipa kiingilio ili kutazama vipepeo wakiruka wakati nje kuna theluji.

Mama huyu aliingia kwa kumfuata jirani. Kazi yenyewe haina starehe. Alfajiri ni msituni kutazama mitego. Jike akipatikana huingizwa ndani ya mfuko wa chandarua uliofungwa kwenye tawi lenye majani, akatagie humo. Kuanzia hapo vita ni na siafu, buibui, mijusi, na nyigu mdogo ambaye hutaga mayai yake ndani ya kiwavi aliye hai. Mfuko ukitoboka pa kupitisha kijiti tu, mwezi mzima umekwenda. Viwavi nao ni walafi. Wakifikia urefu wa kidole hukombeleza tawi kwa siku chache, na lazima wahamishiwe tawi jingine mmoja mmoja, pamoja na kitanda chake.

Mwishoni kiwavi huacha kula, hujining'iniza kichwa chini, na kugeuka pupa ya kijani, laini, iliyonona kama embe changa. Hapo saa huanza kuhesabu. Pupa ikichelewa kufika Gede, itapasukia njiani, na pupa iliyopasuka haina mnunuzi. Mwaka mmoja wa mvua kubwa bodaboda alikwama kwenye matope akarudi. Boksi likalala sebuleni usiku mmoja, na mwingine. Asubuhi ya tatu binti alilifungua akapiga yowe: ndani mlikuwa na matone mekundu, akadhani ni damu. Ni maji tu ambayo kipepeo huyatoa akishanyoosha mbawa zake. Mama alikuwa akihesabu hasara. Mtoto alikuwa ameketi sakafuni, vipepeo sita wakikausha mbawa juu ya mikono yake, na hakwenda shule siku hiyo.

Sasa mti.

Mbambakofi wa boma hili haukupandwa na mama. Mkwewe aliukuta alipofyeka shamba zamani, akaufyekea pembeni, akauacha. Alisema utakuja kuwa mlango wa nyumba ya mwanawe. Pwani mti una mwenyewe: mnazi unaweza kuwa wa mtu mmoja na ardhi ya mwingine, na watu wakaishi hivyo miaka. Mzee alipofariki hapakuwa na ubishi wowote kwamba mbambakofi ni wa mwanawe wa kiume. Mwana huyo alijenga nyumba ya matofali, vyumba vitatu, akatia mlango wa mabati. Wa muda, alisema, mpaka mti utimie.

Haki isemwe, hakuwa mwanamume wa kumzuia mkewe. Alikuwa mpishi katika hoteli moja ya Watamu, mshahara ulikuja, na fedha za pupa zilipokuja juu yake alifurahi. Alipouona mti wa babake umevishwa vyandarua kama mgonjwa wa malaria, alitania tu. Mti ulikuwa wake. Majani yalikuwa ya mkewe. Hapakuwa na haja ya kugawana.

Mwaka 2020 ndio uliowagawanyisha. Machi, corona ilipoingia, hoteli ilifunga na wapishi wakarudishwa makwao. Tarehe 25 mwezi huo safari za ndege za abiria kutoka nje zikasimamishwa, na huko ughaibuni nyumba za vioo nazo zikafungwa. Pupa zikakosa pa kwenda. Mama alikuwa na mifuko saba imejaa, mavuno mazuri kuliko yote aliyowahi kuyapata, na mvua ndiyo kwanza zinakuja. Alingoja simu siku nne. Siku ya tano mifuko ilikuwa inatikisika yenyewe, imejaa mbawa. Akafungua kamba moja baada ya nyingine. Mumewe alikuwa amesimama mlangoni, ule wa mabati, akitazama karo ya mwanawe ikipaa kuelekea msituni.

Hakusema neno. Afadhali angesema.

Miezi ile familia ilikula muhogo na dagaa kama familia nyingine nyingi za pwani. Shule zilikuwa zimefungwa, na jambo hilo, ukiondoa ubaya wake wote, liliahirisha swali. Swali lilirudi Januari 2021, shule zilipofunguliwa kwa wanafunzi wote. Mwana wao mkubwa alikuwa wa sekondari, bweni. Hoteli ilikuwa imewaita nusu ya wafanyakazi, na baba hakuwa katika nusu hiyo. Oda za vipepeo zilikuwa chache na za kubahatisha.

Na Januari ni kaskazi. Mbambakofi hupukutisha majani wakati wa ukame. Mti ulisimama mtupu, maganda meusi yakining'inia, bila jani moja la kumlisha kiwavi. Ukiutazama ungesema umekufa. Ndivyo alivyosema baba siku aliyokuja na fundi wa milango mwenye utepe wa kupimia.

"Mama watoto, mti huu umekauka."

"Haujakauka. Umepumzika. Kila kaskazi hupumzika."

"Na mtoto naye apumzike?"

Mama hakuwa na jibu la swali hilo, kwa sababu halikuwa na jibu. Alichoweza kusema alikisema: kwamba ndege zimeanza kuruka, kwamba mvua za masika hazikosi, kwamba miaka mitatu mfululizo karo ya mwana ilitoka kwenye majani ya mti huo, na kwamba mbambakofi ukishakatwa, hata akipanda mwingine leo, atakayeuona umekuwa mti ni mjukuu. Baba naye alisema yake. Kwamba karo inatakiwa Jumatatu. Kwamba vipepeo hao ni wa watu wa mbali, na wale watu wakifunga mlango wao, huku watu wanalala njaa. Kwamba mti aliachiwa yeye na babake, na hakuna kiwavi aliyemwomba ruhusa. Hayo yote yalikuwa kweli. Mwenye kuusikiliza ugomvi huo kwa haki angeshindwa kuketi upande mmoja.

Aliyekuwa ameketi ni mavyaa yake mama, kibarazani, akipepeta mchele. Waliposhindwa kuendelea, walimtazama.

"Babako aliuacha uwe mlango," alimwambia mwanawe. "Mimi nilikuwepo. Hakusema uwe karo." Akapepeta kidogo. "Wala hakusema uwe chakula cha wadudu."

Wakajua msaada hautatoka upande huo.

Fundi, ambaye alikuwa na haraka zake, alizunguka shina akipima. Alitaja bei. Ilikuwa chini ya walivyotarajia, kwa kuwa shina liligawanyika mapema, na kwa kuwa kukata na kusafirisha kunataka vibali na vibali vina gharama. Baba aliisikia bei akaangalia juu. Aliangalia muda mrefu. Kisha akanyosha mkono kuelekea tawi nene lililoinama upande wa kusini, lile ambalo kila masika mama alilifunga mifuko mitatu.

"Na lile peke yake?"

Fundi akapiga hesabu. Fremu mbili, na kipande cha kuchongea kinu. Akataja bei nyingine.

Siku ya kukata, mama alibeba ndoo yake ya ndizi akaenda msituni kutega, ingawa alijua kaskazi ile vipepeo ni wachache. Alisikia msumeno mpaka ukingoni mwa msitu. Aliporudi, kidonda cha mti kilikuwa chekundu na chenye unyevu, na ubaridi wa kivuli uliokuwa mbele ya jiko haukuwepo tena. Hawakusemeshana mpaka Jumapili. Fedha za tawi zilitosha nusu ya karo. Robo alikopa mama kwenye chama chake. Robo iliyobaki mwalimu mkuu alikubali ilipwe kidogo kidogo. Mwana akaenda shule Jumatatu na sanduku lake.

Masika ilikuja na kuchelewa. Mti ulichipua juu kama kawaida yake, majani mapya yenye wekundu. Lakini pale lilipokatwa tawi, kwenye kingo za kidonda, vilitoka vichipukizi chungu nzima, vingi kuliko matawi yote ya juu, laini, na vya chini kiasi kwamba binti alivifikia kwa kusimama juu ya kigoda. Hapo awali kila mfuko ulihitaji ngazi, na ngazi ilihitaji baba. Majani machanga ndiyo wanayoyataka viwavi waliotoka kwenye yai jana. Mwaka ule binti alifuga ng'ombe wake mwenyewe, mifuko miwili, bila kumwita mtu.

Baba hakusema kwamba alikusudia hilo, na mama hakumuuliza. Inawezekana alikusudia kuokoa shina kwa ajili ya mlango wake tu. Wakulima wengine wa vipepeo hupogoa miti yao makusudi ili ichipue, lakini wao hukata vitawi, si kigogo cha kuchonga kinu.

Hoteli ilimwita tena baadaye. Jikoni kwake maembe yaliyopondeka, maganda ya mananasi na ndizi zilizopita siku zilikuwa zikitupwa. Sasa hazitupwi. Ijumaa usiku hurudi na ndoo yenye kifuniko, ameipakata kwenye bodaboda, na dereva hulalamika njia nzima kuhusu harufu. Nyumbani ndoo hiyo humiminwa kwenye ile ya nyuma ya jiko, na kikombe cha mnazi, siku hizi, hukifuata yeye mwenyewe. Mgema anadai kikombe kimoja kikifika nyumbani, kimoja huwa kimeishia njiani.

Mlango ungali wa mabati.